Kutoka Jukwaani hadi Filamu Bubu: Osa Johnson na Suala la Sauti katika Picha za Mwanzo za Kenya

Wanaoandika historia ya sinema katika Afrika Mashariki aghalabu huanza na kamera: nani aliileta, mwaka gani, na alipiga picha za nini. Njia hiyo ina faida zake, lakini humsahaulisha msomaji kwamba mbele ya kamera alisimama mtu, na kwamba mara nyingi mtu huyo alikuwa na kazi yake kabla ya kamera kumfikia. Makala haya yanamchunguza mmoja wa watu hao, Osa Johnson (1894-1953), msanii wa jukwaani kutoka jimbo la Kansas, Marekani, ambaye aligeuka kuwa nyota wa filamu bubu zilizopigwa Kenya kuanzia mwaka 1921. Swali linaloulizwa ni moja, ingawa lina pande mbili. Mwimbaji huyu alipohama kutoka jukwaa kwenda filamu isiyotoa sauti, sauti yake ilikwenda wapi? Na sauti za watu waliosimama kando yake, wapagazi, wapishi na wafuatiliaji wa nyayo za wanyama, zilikwenda wapi? Upande huu wa pili ndio unaowahusu zaidi wanafunzi wa lugha za Kiafrika, na ndio ambao haujashughulikiwa vya kutosha.

Ili uzito wa swali hilo ueleweke, yafaa kukumbuka jinsi sanaa ya maonyesho ilivyo pale ambapo haijapita katika mashine. Miongoni mwa Wajaluo wa iliyokuwa Wilaya ya Nyanza Kusini, ambayo leo ni kaunti za Migori na Homa Bay, tuseme kuanzia Osiri hadi kandokando ya Ghuba ya Winam, hadithi za watoto zilikuwa na mahali pake. Mahali hapo paliitwa siwindhe, nyumba walimolala wasichana chini ya ulezi wa bibi mzee aitwaye pim. Katika siwindhe sauti ya msimulizi, uso wake, mikono yake na majibu ya wasikilizaji vilikuwa kitu kimoja. Vivyo hivyo katika dodo, wimbo wa wanawake, aliyeimba ndiye aliyecheza, na waliotazama ndio walioitikia. Haikuwezekana mtu kuichukua mikono ya pim akaiacha sauti yake nyumbani. Uwezo huo wa kutenganisha uliletwa na mashine za miaka ya mwisho ya karne ya 19 na ya mwanzo ya karne ya 20. Santuri ilichukua sauti ikauacha mwili. Filamu bubu ilichukua mwili ikaiacha sauti.

Osa Leighty alizaliwa tarehe 14 Machi 1894 katika mji mdogo wa Chanute, Kansas, katika familia ya mfanyakazi wa reli. Mwaka 1910, akiwa na umri wa miaka 16, aliolewa na Martin Johnson, kijana wa miaka 25 ambaye alikuwa amekwisha kujipatia sifa kwa kusafiri katika merikebu ya mwandishi Jack London iliyoitwa Snark. Katika safari hiyo Martin alifika visiwa vya Bahari ya Pasifiki, akarudi na picha, na katika mji wa Independence, Kansas, akafungua kumbi za maonyesho zilizopewa jina la merikebu hiyo. Baada ya ndoa wawili hao walianza kuzunguka miji ya Marekani na onyesho lao wenyewe. Martin alisimulia huku picha zikionyeshwa. Osa, akiwa amevaa mavazi ya kigeni, aliimba nyimbo za Hawaii.

Hapa pana jambo ambalo waandishi wengi hulipita upesi. Osa alipoanza kuimba nyimbo hizo hakuwa amepata kuviona visiwa vya Pasifiki. Alikuwa msichana wa Kansas aliyeigiza mwanamke wa visiwani mbele ya watu wa bara waliokuwa hawajui lolote la kumsahihisha. Kwa hiyo kazi yake ya kwanza ilikuwa uigizaji hasa, si ushuhuda. Ilikuwa pia kazi ya sauti. Aina ya onyesho walilolifanya, lililoitwa vodevili, ilikuwa mfululizo wa vipande vifupi visivyohusiana: mchekeshaji, mwanasarakasi, mwimbaji, mbwa waliofunzwa, na baina ya hivyo mtu mwenye picha zake za safari. Ukumbi kama huo haukumvumilia mtu asiyesikika. Msanii alipaswa kuwakamata wasikilizaji kwa dakika chache, awachekeshe au awashangaze, kisha aondoke kabla hawajachoka. Usanii wa Osa wa kuitazama hadhira usoni na kutabasamu ulitokana na shule hiyo, nao haukumtoka kamwe.

Kwa nini basi waliliacha jukwaa? Wapenzi wa visa vya safari hujibu kwamba walipenda hatari. Jibu la kweli limo pia katika hesabu. Msanii wa vodevili alilipwa kwa wiki, na ili alipwe ilimpasa awepo. Usiku alioumwa au uliokosa treni haukuwa na malipo. Filamu ilikuwa na tabia nyingine. Ikisha kupigwa, nakala zake ziliweza kuonyeshwa katika miji mingi usiku mmoja, na aliyeonekana ndani yake akawa amelala kwake. Isitoshe, sinema ilikuwa tayari inazinyang'anya kumbi za vodevili watazamaji wao. Mwaka 1917 akina Johnson walikwenda Visiwa vya Solomon na New Hebrides, nchi ambayo leo inaitwa Vanuatu, wakapiga picha katika kisiwa cha Malekula. Filamu iliyotokana na safari hiyo ilitolewa mwaka 1918. Tangu hapo Osa alikuwa mtu wa filamu, ijapokuwa jukwaa halikuachwa kwa siku moja: kwa miaka kadhaa filamu zao ziliendelea kusindikizwa na hotuba.

Mabadiliko hayo yalimpa Osa kitu na kumnyang'anya kingine. Katika jukwaa alikuwa sauti kwanza. Katika filamu bubu wimbo haukuwa na thamani. Kilichohitajika ni kitendo kinachoeleweka bila neno, na hapo ndipo mwanamke mwenye bunduki alipozaliwa. Mgawanyo wao wa kazi ulikuwa rahisi: Martin alizungusha mkono wa kamera, Osa alisimama karibu naye na bunduki ili mnyama akiwarukia azuiwe. Bila shaka ulikuwa mgawanyo wenye maana kwa usalama wao, lakini ulikuwa pia mgawanyo wenye maana kwa picha. Mwanamke mfupi, aliyevaa nguo za safari, mbele ya faru au tembo: hilo lilihitaji maelezo gani? Alionekana pia akivua samaki na akiwa jikoni. Wakati mwingine hugeuka akaitazama kamera na kutabasamu, jambo ambalo waigizaji wa filamu za hadithi walikuwa wamekatazwa kulifanya. Mazoea ya vodevili yanaonekana hapo waziwazi.

Safari yao ya kwanza ya Afrika ilianza mwaka 1921. Aliyewashawishi ni Carl Akeley, mtaalamu wa kuhifadhi maiti za wanyama wa Jumba la Makumbusho ya Viumbe la Marekani mjini New York, ambaye pia alibuni kamera iliyofaa sana kwa kufuata mnyama anayekimbia. Filamu ya safari hiyo, Trailing Wild African Animals, ilitolewa mwaka 1923. Walirudi mwaka 1924, wakiungwa mkono na makumbusho hayo, na George Eastman mwenye kampuni ya Kodak akiwa miongoni mwa waliotoa fedha. Walikaa hadi mwaka 1927, wakati mwingi katika mlima wa Marsabit, kaskazini mwa Kenya, kando ya ziwa lililo ndani ya shimo la volkeno. Wao waliliita Lake Paradise, na jina hilo limebaki katika ramani, ingawa wenyeji wa huko walikuwa na jina lao, Gof Sokorte Guda. Hapo walijenga kijiji kidogo: nyumba za kuishi, ghala, bustani ya mboga, na chumba cha giza cha kusafishia filamu.

Kazi ya filamu katika mahali kama pale haikuwa mchezo. Filamu za siku zile zilishika moto kwa urahisi na kuharibiwa na joto. Maji ya kusafishia yalipaswa kuwa safi na baridi. Kila kitu, kuanzia masanduku ya dawa hadi risasi, kilipelekwa kutoka Nairobi kwa magari, kwa mikokoteni ya ng'ombe, kwa ngamia na kwa vichwa vya watu. Ni dhahiri kwamba kijiji hicho kisingesimama kwa siku tatu bila ya wafanyakazi Waafrika, ambao walitoka katika makabila mengi na walioelewana, kama ilivyokuwa katika kila msafara ulioanzia Nairobi, kwa Kiswahili.

Hapa ndipo penye kiini cha hoja. Filamu za Marsabit huitwa bubu, lakini zilipopigwa palikuwa na kelele za lugha. Amri ya kuweka mzigo chini, onyo kwamba simba yuko kwenye majani, ubishi juu ya nyayo, vyote vilisemwa. Kiswahili cha Wazungu wa bara kilikuwa kile ambacho baadaye kilikuja kuitwa Kisetla: lugha ya amri, iliyokatwa viambishi, isiyo na adabu ya salamu wala ya maombi. Mwaka 1936 lugha ya namna hiyo ilipata kitabu chake, kilichoandikwa na F. H. Le Breton kwa ajili ya askari, masetla, wachimba migodi, wafanyabiashara na wake zao. Kutajwa kwa wachimba migodi si bahati. Hiyo ndiyo miaka ambayo dhahabu ilikuwa ikichimbwa Nyanza, kutoka Kakamega hadi Macalder katika Nyanza Kusini, na Kiswahili cha amri kiliwafikia Wajaluo wa huko kwa njia ya mgodi kabla hakijawafikia kwa njia ya shule. Lakini wafanyakazi wenyewe, walipozungumza wao kwa wao, hawakuzungumza lugha ya kitabu kile. Kiswahili chao kilikuwa na viungo vyote. Laiti kamera ile ingeweza kusikia, mwanaisimu wa leo angekuwa na ushahidi ambao hauna mfano.

Haikusikia. Na kwa kuwa watazamaji hawawezi kukaa muda mrefu bila neno, mahali pa sauti pakajazwa na maandishi. Filamu bubu ilikatwakatwa, na baina ya picha na picha kikawekwa kibao cha maneno. Vibao hivyo havikuandikwa Marsabit. Viliandikwa Marekani, filamu ikisha kusafishwa na kuunganishwa, na watu wa kazi hiyo kama Terry Ramsaye, ambaye alihusika na maandishi ya Simba: King of the Beasts, filamu kubwa ya akina Johnson iliyotolewa Januari 1928. Mwandishi wa vibao alikuwa na uhuru mkubwa. Mtu kwenye picha anafungua kinywa; aliyesema nini huamuliwa na mwandishi aliye maelfu ya maili mbali, asiyejua Kiswahili, na ambaye kazi yake ni kuwachekesha watu wa New York. Matokeo yake yanajulikana: mpagazi anayefanya kazi ya maana anageuzwa kichekesho kwa mstari mmoja wa Kiingereza. Osa naye aliandikiwa maneno, lakini aliandikiwa kama shujaa. Wote wawili walipoteza sauti. Hawakupoteza kwa kadiri moja.

Kuna neno moja lililopona, nalo ni simba. Liliwekwa juu kabisa, katika jina la filamu, likaandikwa katika mabango na matangazo. Yafaa isemwe pia kwamba neno safari lilikuwa limekwisha kutangulia katika Kiingereza tangu karne ya 19. Hayo ni majina ya vitu. Kiswahili kiliruhusiwa kuingia katika filamu kama kibandiko kinachobandikwa juu ya mnyama, si kama lugha inayoweza kusema jambo, kuuliza au kukataa. Hata Boculy, mfuatiliaji maarufu wa tembo ambaye akina Johnson wenyewe walimsifu sana katika vitabu vyao, anajulikana kwa jina lililoandikwa kwa tahajia waliyoisikia wao.

Mwaka huo wa 1928 una maajabu yake kwa mwanahistoria wa Kiswahili. Mwezi Juni ulifanyika mkutano wa Mombasa ulioteua Kiunguja kuwa msingi wa Kiswahili sanifu. Mwaka huohuo Siti binti Saad wa Unguja alikwenda Bombay pamoja na wenzake, akarekodi nyimbo zake katika santuri za His Master's Voice. Yaani katika muda wa miezi michache, mwimbaji wa Kansas alienea duniani akiwa mwili bila sauti, na mwimbaji wa Fumba akaenea Afrika Mashariki akiwa sauti bila mwili. Kulinganisha huku kusichukuliwe mbali kupita kiasi; wanawake hawa hawakujuana, na mashine zilizowachukua hazikuwa na nguvu sawa ya fedha. Hata hivyo ni wazi nani aliyefaidika kwa upande wa lugha. Siti alipoteza uso, lakini kila silabi aliyoiimba ilibaki yake, na waliozinunua santuri walisikia Kiswahili kikisema mambo ya mji, ya mapenzi na ya dhuluma za mahakama bila ya mfasiri wa kukaa katikati. Osa alibaki na uso, maneno wakaandika wengine.

Sauti ilipokuja katika filamu, wengi walitarajia kwamba jambo hili litarekebishwa lenyewe. Halikurekebishwa. Kampuni ya MGM ilikuwa imekwisha kupeleka wasanii wake Afrika Mashariki mwaka 1929 kwa ajili ya Trader Horn, iliyotolewa mwaka 1931, na Mutia Omoolu, Mwafrika aliyechaguliwa katika safari hiyo, akapelekwa hadi Hollywood kumalizia kazi. Akina Johnson nao walibeba mitambo ya sauti hadi Kongo, wakatoa Congorilla mwaka 1932. Katika filamu hiyo Wambuti wa msitu wa Ituri wanachezeshwa muziki wa jazi kutoka katika gramafoni. Osa, ambaye sauti yake ilikuwa imefungwa tangu 1917, anasikika tena. Na wenyeji wa msitu wanasikika kama sehemu ya mzaha. Mtu anaweza kusikika bila ya kupewa nafasi ya kusema.

Jaribio la namna nyingine lilifanywa karibu zaidi na nyumbani. Kati ya 1935 na 1937, huko Vugiri katika milima ya Usambara, L. A. Notcutt na G. C. Latham waliongoza mradi wa filamu za mafunzo kwa Waafrika, uliogharimiwa kwa sehemu kubwa na shirika la Carnegie la Marekani. Zilitengenezwa filamu 35 hivi. Picha zenyewe hazikuwa na sauti ndani yake. Maelezo yalirekodiwa katika santuri mbali, kwa Kiswahili na pia kwa Kikuyu, Kijaluo, Kiganda na lugha nyingine kadhaa, zikapigwa pamoja na picha wakati wa kuonyeshwa. Gari la mradi lilizunguka Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini. Filamu hizo zina kasoro zao, na kubwa kuliko zote ni kwamba zilitungwa ili kumfundisha Mwafrika kile ambacho serikali ilitaka afundishwe. Lakini kwa suala linalozungumzwa hapa zina umuhimu wa pekee. Palikuwa pameundwa, kwa bei nafuu na kwa mashine hafifu, njia ya kurudisha Kijaluo na Kiswahili juu ya picha ya Mwafrika. Sauti haikuwa ya mwigizaji mwenyewe. Ilikuwa ya msimulizi. Hata hivyo mzee wa Nyanza aliyeyasikia maelezo hayo hakuhitaji kusomewa kibao cha Kiingereza. Kwa hiyo kusema kwamba filamu za 1921 hadi 1928 zilinyamaza kwa sababu ya upungufu wa mashine ni kusema nusu tu ya ukweli. Watengenezaji wake hawakuwa na haja ya kujua mpagazi alisema nini.

Martin Johnson alikufa Januari 1937 kutokana na ajali ya ndege huko California. Osa, aliyejeruhiwa katika ajali hiyohiyo, alirudi kwenye kazi aliyoianza nayo: alipanda jukwaani akiwa katika kiti cha magurudumu, akasimulia huku picha zikionyeshwa nyuma yake. Baadaye mwaka huo alirudi Afrika Mashariki kusaidia kupigwa kwa mandhari ya filamu ya Stanley and Livingstone, iliyotolewa mwaka 1939.

Mwaka 1940 kilitoka kitabu cha maisha yake, I Married Adventure, ambacho kilinunuliwa kwa wingi mno. Kimeandikwa kwa nafsi ya kwanza, Osa akisema "mimi". Pascal James Imperato na Eleanor Imperato, waliowachunguza akina Johnson kwa makini katika wasifu wao wa mwaka 1992, wameonyesha kwamba mwandishi wa kitabu hicho alikuwa Winifred Dunn. Huyo alikuwa mtunzi wa michezo ya filamu bubu. Miongoni mwa kazi zake ni Sparrows ya mwaka 1926, aliyoigiza Mary Pickford. Katika mwaka huohuo wa 1940 kampuni ya Columbia ilitoa filamu yenye jina la kitabu hicho. Sehemu yake kubwa ni picha za zamani za Pasifiki, za Marsabit na za Kongo, zilizounganishwa upya. Osa yumo, akiigiza nafsi yake. Anayesimulia juu ya picha ni msimulizi mwanamume, kwa Kiingereza.